Mama, Je, Unajua Magemu Yamekaa Wapi Ndani ya Kompyuta Yako?

Kompyuta imeingia katika nyumba zetu nyingi. Baba anaandikia taarifa zake, binti anafanyia kazi za chuo, na mama anatunzia hesabu za kikundi pamoja na picha za ubatizo wa watoto. Halafu siku moja inaleta ujumbe kwamba nafasi imekwisha. Picha za harusi ya mdogo wako haziingii. Hesabu za mwezi hazihifadhiki. Ukiuliza kulikoni, wote wanamtazama kijana wako, naye anatazama chini. Ni michezo ya kompyuta, ile ambayo watoto wetu wanaiita magemu.

Hapo akina mama wengi hufanya moja kati ya mambo mawili. Wengine hunyamaza, kwa kuamini kuwa kompyuta ni mambo ya vijana. Wengine hukasirika na kufuta kila wanachokiona. Njia zote mbili zina hasara.

Mama mmoja katika kikundi chetu cha akina mama kanisani alifuata njia ya pili. Alifuta picha ndogo zote za michezo zilizokuwa kwenye skrini, lakini nafasi haikuongezeka. Wiki iliyofuata alimkuta mwanawe anacheza kama kawaida. Jirani akamwonyesha mahali folda zilipo, naye akafuta ya kwanza aliyoitambua kwa jina. Kumbe ndani yake ulikuwamo mji ambao mtoto aliujenga kidogo kidogo katika mchezo wa Minecraft kwa likizo mbili. Mchezo huo ndio uliochukua nafasi ndogo kuliko yote. Mtoto alikaa siku tatu bila kuzungumza naye, na alipozungumza alisema hivi: "Ungeniuliza, mama, ningekupa mwingine ufute."

Tunapompokea mgonjwa wodini hatuanzi na sindano. Tunamuuliza, tunampima, ndipo tunamtibu. Kwa kompyuta ya nyumbani utaratibu ni huo huo, na mama yeyote anayeweza kutumia simu yake anaweza kuufuata. Maelezo haya yanahusu kompyuta zenye mfumo wa Windows, ambazo ndizo nyingi majumbani kwetu.

MCHEZO MMOJA, MAHALI PANNE

Jambo la kwanza kuelewa ni kwamba mchezo mmoja unaweza kuwa mahali panne ndani ya kompyuta, na kila mahali pana kazi yake.

Kwanza, kuna ile picha ndogo kwenye skrini. Hii ni njia ya mkato tu. Ni kama kibao cha barabarani kinachoonyesha nyumba ilipo. Ukiking'oa kibao, nyumba bado imesimama.

Pili, kuna mchezo wenyewe. Hii ndiyo nyumba, na ndiyo inayokula nafasi. Mchezo wa GTA V, kwa mfano, ulipotoka kwa ajili ya kompyuta mwaka 2015 ulihitaji nafasi ya zaidi ya GB 60. Baadhi ya michezo ya Call of Duty imepita GB 100. Kama picha moja ya simu ni MB 4, basi GB 60 zingetosha picha 15,000.

Tatu, kuna kumbukumbu ya mchezaji, yaani hatua aliyofikia mtoto, pointi zake na vitu alivyojenga. Kwa kawaida ni ndogo, lakini kwa mtoto ndiyo yenye thamani. Mara nyingi hukaa mbali na mchezo wenyewe.

Nne, kuna faili la kusakinishia, yaani lile lililopakuliwa kutoka intaneti au kuletwa kwa flashi ili mchezo uwekwe. Mchezo ukishawekwa, faili hili mara nyingi halina kazi tena, lakini linaendelea kukaa kwenye folda ya "Downloads" kama gunia tupu jikoni.

PIMA KWANZA

Shika kitufe chenye alama ya Windows, kisha bonyeza herufi I. Utafunguka ukurasa wa "Settings". Ingia "System", kisha "Storage". Hapo utaona diski yako ina nafasi kiasi gani na imejazwa na nini.

Rudi nyuma, uingie "Apps", kisha "Installed apps". Kwenye Windows 10 sehemu hii inaitwa "Apps & features". Hii ni orodha ya programu zilizosakinishwa. Chagua ipangwe kwa ukubwa, ili kubwa zikae juu. Chukua daftari, uandike majina matano ya kwanza na ukubwa wake. Usifute kitu bado.

Ukikutana na jina usilolijua, usidhani ni mchezo. Linaweza kuwa ni programu ya mashine ya kuchapia au ya spika. Muulize mtoto, au mtu mwenye ujuzi.

KUTAFUTA YALIYOJIFICHA

Michezo mingine haionekani kwenye orodha hiyo, au inaonekana bila ukubwa wake. Hasa ile iliyonakiliwa kwa flashi kutoka kwa rafiki huwa ni folda tu iliyowekwa mahali, bila kusakinishwa. Zipo njia tatu za kuipata.

1. Kama picha ya mchezo ipo kwenye skrini, ibonyeze kwa kitufe cha kulia cha kipanya, kisha chagua "Open file location". Kibao kitakupeleka hadi kwenye nyumba yake.

2. Fungua mahali zinapokaa folda zako, yaani "File Explorer". Ingia "Downloads", kisha "Documents", kisha "Desktop", na diski ya D kama ipo. Katika kila mahali, andika kwenye kisanduku cha kutafutia maneno haya: size:>1GB. Kompyuta itakuletea kila faili lililozidi GB 1. Uwe na subira, kwa maana inaweza kuchukua dakika kadhaa. Kumbuka kwamba video ya harusi nayo ni kubwa, hivyo soma jina kwanza.

3. Michezo iliyonunuliwa au kupakuliwa kwa njia ya maduka ya intaneti huwa na makao yake. Ya duka la Steam kwa kawaida iko kwenye diski ya C, ndani ya folda "Program Files (x86)", kisha "Steam", kisha "steamapps", kisha "common". Ya Epic Games hukaa katika "Program Files", ndani ya folda "Epic Games". Ya Xbox huwa katika folda "XboxGames".

Hapa nitoe onyo. Folda iitwayo "Windows" usiiguse kabisa, hata ukiona faili kubwa namna gani. Hiyo ndiyo moyo na mapafu ya kompyuta.

TUNZA KABLA YA KUONDOA

Muulize mtoto swali moja: "Katika mchezo huu, kuna kitu usichopenda kipotee?" Kama kipo, kinakiliwe kwanza kwenye flashi.

Kumbukumbu za michezo hupatikana mara nyingi ndani ya "Documents", katika folda "My Games", au katika folda "Saved Games" iliyo chini ya jina la mtumiaji. Nyingine zimo katika folda iliyofichwa iitwayo "AppData". Kuifikia, shika kitufe cha Windows pamoja na herufi R, andika %appdata%, kisha bonyeza "Enter". Katika Minecraft ya aina ya Java, utaona humo folda ".minecraft", na ndani yake folda "saves". Miji yote ya mtoto imo humo. Inakili folda hiyo nzima. Baadhi ya michezo ya Steam hutunza pia kumbukumbu kwenye intaneti, lakini siyo yote, kwa hiyo kunakili ni salama zaidi.

Jambo jingine la kuhifadhi ni fedha. Mchezo wa GB 60 ukifutwa leo na kuhitajika kesho, itabidi upakuliwe upya, na bando lake utalipa wewe. Kama nyumbani kuna diski ya nje yenye nafasi, mchezo unaweza kuhamishiwa huko. Katika Steam, bonyeza jina la mchezo kwa kitufe cha kulia, ingia "Properties", kisha "Installed Files", na utaona mahali pa kuuhamisha. Diski ya nje ni lazima iwe imeandaliwa kwanza kama ghala la Steam, kazi ambayo kijana wako huenda anaijua tayari.

NAMNA YA KUONDOA

Mchezo uliosakinishwa uondolewe kwa mlango ulioingilia. Rudi kwenye ile orodha ya "Installed apps", bonyeza nukta tatu kando ya jina lake, kisha "Uninstall". Wa Steam uondolewe ndani ya Steam yenyewe: kitufe cha kulia, "Manage", "Uninstall". Ukifuta folda kwa mkono, mabaki hubaki huku na huku, na kompyuta huendelea kuamini kuwa mchezo upo.

Ule ulionakiliwa tu, ambao hauonekani kwenye orodha, ndio unaofutwa kwa kuondoa folda yake. Fanya hivyo baada ya kuhakikisha kuwa haina kitu kingine ndani. Kisha futa mafaili ya kusakinishia yaliyobaki "Downloads".

Mwisho kabisa, kumbuka pipa la taka, "Recycle Bin". Ulichokifuta kwenye diski ya kompyuta hukaa humo, na bado kinachukua nafasi mpaka pipa limwagwe. Usilimwage siku hiyo hiyo. Subiri siku mbili au tatu, ili kama umekosea uweze kukirudisha. Lakini elewa kuwa kilichofutwa kwenye flashi kwa kawaida hakipiti pipani. Hupotea moja kwa moja.

MICHEZO YA KUNAKILIANA

Vijana wetu hupeana michezo kwa flashi kama tulivyokuwa tukipeana kanda za nyimbo. Mingi imevunjwa kufuli yake ili isilipiwe. Mbali na kuwa ni kula jasho la mtu bila kumlipa, ni njia kubwa ya kuingiza virusi. Dalili moja iwe kengele kwako: mchezo unaomtaka mtoto azime kinga ya virusi ndipo usakinishwe. Asikubali. Flashi yoyote inayoingia nyumbani ipimwe kwanza kwa kinga iliyomo ndani ya Windows.

Inasaidia pia mtoto awe na akaunti yake ya kawaida, huku akaunti ya msimamizi na nenosiri lake vikibaki kwa wazazi. Hapo programu nyingi hazitasakinishwa bila ninyi kujua. Na kama kompyuta yenu bado inatumia Windows 10, mjue kuwa Microsoft ilimaliza huduma yake ya kawaida tarehe 14 Oktoba 2025, hivyo tahadhari iongezwe.

UMRI NA KIASI

Ukiwa na orodha ya majina mkononi, sasa unaweza kuuliza swali kubwa kuliko la nafasi: je, mchezo huu unamfaa mwanangu? Marekani wana chombo kiitwacho ESRB tangu mwaka 1994, na Ulaya wana PEGI tangu mwaka 2003. Hivi hupanga michezo kwa umri. PEGI hutumia namba 3, 7, 12, 16 na 18. GTA V ina 18, kwa sababu ya mauaji na mengine yasiyofaa watoto. Minecraft ina 7. Kwa hiyo mama asihukumu michezo yote kwa kikapu kimoja.

Kuhusu kiasi, Shirika la Afya Duniani limeuweka uraibu wa michezo katika orodha yake ya magonjwa iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 2022. Dalili zake ni tatu: mtoto kushindwa kujizuia, mchezo kutangulia kuliko mambo mengine yote ya maisha, na kuendelea hata pale madhara yanapoonekana wazi. Kwa kawaida hali hiyo huwa imedumu angalau miezi 12. Wanaofikia hapo ni wachache kati ya wanaocheza. Mtoto anayependa kucheza siyo mgonjwa. Lakini anayeacha kula, kulala na kusoma kwa ajili ya mchezo, mpeleke kwa mtaalamu wa afya. Kufuta mafaili peke yake hakutamponya.

FANYENI PAMOJA

Akina mama wenzangu, kazi hii isifanyike mtoto akiwa shule. Keti naye Jumamosi alasiri, daftari mezani. Yeye akuonyeshe michezo yake, wewe umwonyeshe nafasi iliyobaki. Mkubaliane kwamba diski ibaki na GB 30 kwa ajili ya kazi za familia, na akitaka kuingiza mchezo mpya, yeye mwenyewe achague utakaotoka. Rudieni kila mwisho wa mwezi.

Utashangaa jinsi mtoto anavyofurahi mama anapomuuliza mchezo wake unachezwaje. Wakati anakueleza, utajua anacheza nini, anacheza na nani, na amepewa na nani. Mungu awape hekima katika malezi, na subira pale kompyuta inapokawia.