Mawe, Meno na Lugha: Asili ya Watu wa Kusini mwa Ghuba ya Winam

Katika ramani nyingi za historia zinazofundishiwa shuleni nchini Kenya, Waluo ni mshale. Unaanzia Bahr el Ghazal, Sudan Kusini, unashuka hadi Pubungu karibu na Pakwach nchini Uganda, unakata kuelekea Kilima cha Ramogi kule Siaya, kisha unavuka Ghuba ya Winam na kuingia katika nchi ambayo leo ni kaunti za Homa Bay na Migori. Mshale wa Wabantu nao unatokea magharibi. Mwanafunzi anakariri, anafaulu mtihani, na anabaki akiamini kwamba kabila ni kundi moja lililofunga safari likiwa limeshakamilika, na lugha yake, ng'ombe wake na damu yake, likafika mahali patupu na kutua.

Ardhi ya Migori ina masimulizi marefu kuliko hayo. Pa kuanzia ni Gogo, kwenye maporomoko ya mto Kuja, si mbali na machimbo ya zamani ya Macalder. Wakazi wanalijua jina hilo kwa sababu ya kituo kidogo cha umeme. Wanaakiolojia wanalijua kwa sababu ya jalala. Katika miaka ya 1980 Peter Robertshaw alichimba hapo na kukuta taka za watu waliopishana kwa maelfu ya miaka: mifupa ya samaki na ya wanyama wa porini, vigae vya vyungu, meno ya ng'ombe, vipande vya mawe makali.

Wa kwanza walikuwa wavuvi na wawindaji. Vyungu vyao, vilivyojaa nakshi za kudonolewa, vimepewa jina la Kansyore, kisiwa katika mto Kagera. Vigae vya namna hiyo vimepatikana pia kwenye ufuo wa Homa Bay, katikati ya malundo ya makombe waliyoyatupa baada ya kula nyama yake. Watu hawa walifinyanga vyungu bila kuwa na shamba wala zizi, jambo linalopaswa kutushangaza, kwa kuwa tumezoea kuambiwa kwamba chungu na jembe vilikuja pamoja. Juu yao yakaja mabaki ya wafugaji wa utamaduni wa Elmenteita, takriban miaka 2000 iliyopita. Hao walitumia visu vya obsidia, jiwe jeusi la volkano lenye makali kuliko wembe. Kila mlima wa volkano huacha mchanganyiko wake wa kemikali katika jiwe lake, na sehemu kubwa ya obsidia ya Gogo imefuatiliwa hadi Mlima Eburru, karibu na Naivasha. Huo ni mwendo wa takriban kilomita 200 kutoka Bonde la Ufa, na hapakuwa na punda wa kukodi. Baadaye vinaonekana vyungu vya Urewe, vilivyopewa jina la mahali kule Siaya, vya wakulima waliojua kufua chuma. Wataalamu wengi wanawahusisha wakulima hao na lugha za Kibantu.

Sasa lipo fumbo. Ng'ombe hastahimili mbung'o, na nchi hii inajulikana kwa mbung'o. Bonde la Lambwe, ambako leo ipo Hifadhi ya Taifa ya Ruma yenye swala wa mwisho wa Kenya wa aina ya korongo, lilitesa watu kwa ugonjwa wa malale hata mwanzoni mwa miaka ya 1980. Basi wafugaji wale walipitaje hapa na mifugo yao? Kwa muda mrefu jibu lilikuwa kwamba walipita kwa shida: mifugo ilikufa, wakalazimika kuwinda, na ndiyo maana jalala la Gogo lina mifupa mingi ya wanyama wa porini.

Mwaka 2015 Kendra Chritz, Fiona Marshall na wenzao walichapisha jibu jingine, na walilipata kwenye meno. Mimea ina njia mbili kuu za kunasa kaboni kutoka hewani. Nyasi za nchi za joto hutumia njia moja, miti na vichaka hutumia nyingine, na kila njia huacha uwiano wake wa kaboni-12 na kaboni-13. Mnyama anapokula, uwiano huo huingia katika enameli, lile ganda gumu la jino, wakati jino linaumbwa. Enameli haiozi upesi. Miaka 2000 baadaye unaweza kusaga chembe yake, ukaipima, ukajua kama mnyama yule alikuwa akila majani ya vichaka au nyasi. Meno ya Gogo, ya mifugo na ya wanyama wa porini, yalionyesha nyasi. Mahali ambapo tulidhani palikuwa na vichaka vya mbung'o palikuwa mbuga iliyo wazi. Wafugaji waliokula samaki na swala pamoja na nyama ya ng'ombe huenda hawakuwa wahanga wa njaa hata kidogo. Walikuwa katika nchi yenye neema, wakala kilichokuwepo.

Kwangu mimi huo ni ugunduzi mkubwa, kwa sababu unatuambia kwamba njia ya watu ilikuwa nyasi. Ndivyo ilivyokuwa pia mbali sana na hapa. Kutoka Hungaria hadi Mongolia kuna ukanda wa mbuga baridi, maelfu ya kilomita, ambao umesafirisha watu, farasi na lugha tangu zamani. Takriban miaka 5000 iliyopita wafugaji wanaoitwa Yamnaya walisambaa humo na magari yao ya kukokotwa, na wanasayansi wengi wanawahusisha na kuenea kwa lugha za Kihindi-Kiulaya. Karne nyingi baadaye ukanda huohuo ulizisambaza lugha za Kituruki. Mawe yenye maandishi yaliyosimamishwa katika bonde la Orkhon, Mongolia, katika karne ya 8, ni miongoni mwa maandishi ya kale zaidi ya lugha hizo. Leo lugha za jamii hiyo zinasemwa kutoka Siberia hadi Istanbul.

Hata katika unywaji wa maziwa, wafugaji wa huko na wa huku wanafanana kwa namna ya kustaajabisha. Mwaka 2007 Sarah Tishkoff na wenzake walionyesha kwamba uwezo wa mtu mzima kumeng'enya maziwa katika Afrika Mashariki unatokana na badiliko la kinasaba tofauti na lile la Ulaya. Badiliko linaloonekana sana Kenya na Tanzania lilizuka lenyewe na kuenea ndani ya miaka elfu chache iliyopita, pamoja na ng'ombe. Wamongolia, ambao wameishi kwa maziwa ya farasi, kondoo na ng'ombe, wengi wao hawana badiliko la namna hiyo. Huyachachusha, na bakteria hula sehemu ya sukari ya maziwa kabla ya mnywaji. Mursik wa Wakalenjin na maziwa lala ya mitaani kwetu ni ufundi wa aina hiyohiyo. Utamaduni unaweza kutatua tatizo ambalo mwili haujalitatua, na mtu akiangalia vinasaba peke yake hawezi kujua nani alikuwa mfugaji.

Tukirudi Migori, ushahidi ulio wazi kuliko wote umesimama juu ya ardhi. Thimlich Ohinga iko kilomita 46 hivi kaskazini-magharibi mwa mji wa Migori. UNESCO iliiweka katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2018. Kuta zake hufikia kimo cha zaidi ya mita nne na zina unene wa wastani wa mita moja, na hakuna chokaa wala udongo ulioshikiza mawe. Mafundi walipanga uso wa nje na uso wa ndani, kisha wakajaza katikati mawe madogo yaliyobana pande zote mbili. Pale ambapo ukuta ungelemewa waliupinda au wakauwekea nguzo za mawe za kuuegemeza. Milango ni mifupi, ili anayeingia ainame. Ndani kuna alama za nyumba, mazizi na mabaki ya kazi ya chuma. Maboma makubwa manne yanajulikana kwa majina ya Kochieng, Kakuku, Koketch na Koluoch, nayo ni sehemu ya mtandao mpana: watafiti wameorodhesha miundo 521 katika maeneo 138 ya ukanda huu.

Nani alijenga? Kwa kadiri tunavyojua, ujenzi ulianza katika karne ya 16 au karibu na hapo, na wakazi wa mwanzo walikuwa wasemaji wa Kibantu. Waluo walifika baadaye. Hawakubomoa. Waliingia, wakakarabati kwa ufundi uleule, wakaishi na kulisha ng'ombe, na maboma yaliendelea kukaliwa na vizazi vya asili mbalimbali hadi katikati ya karne ya 20. Anayeuliza kama Thimlich ni ya Waluo au ya Wabantu anawauliza mafundi wake swali ambalo wao hawakuwa nalo. Ufundi ulirithiwa pamoja na nyumba.

Kuhusu safari yenyewe ya Waluo, deni letu kubwa ni kwa Bethwell Allan Ogot, aliyefariki Januari 2025. Kitabu chake cha mwaka 1967 kuhusu historia ya Waluo wa kusini kilijengwa juu ya masimulizi ya wazee, wakati ambapo wanahistoria wengi wa Ulaya waliyaona masimulizi hayo kuwa hadithi tu. Alihesabu vizazi katika nasaba za koo mbalimbali, akalinganisha, akapata makadirio ya miaka: kundi la Joka-Jok lilifika Nyanza kati ya takriban 1490 na 1600, likafuatwa na Jok'Owiny na Jok'Omolo, na kuvuka kwenda kusini mwa ghuba kulikuja hasa katika karne ya 18. Tazama kwamba tayari hapo hakuna mshale mmoja. Kuna makundi kadhaa yaliyofika kwa nyakati mbalimbali, na kundi la nne katika hesabu yake, Abasuba, halikutoka Bahr el Ghazal kabisa.

Vinasaba vimeongeza uzito. Mwaka 2009 Tishkoff na wenzake walichapisha uchunguzi wa jamii 121 za Afrika. Waluo wa Kenya, ambao lugha yao ni ndugu wa karibu wa Kiacholi na ndugu wa mbali kidogo wa Kidinka, walionekana kinasaba kuwa karibu zaidi na majirani zao Wabantu. Mwaka 2019 kundi lililoongozwa na Mary Prendergast lilisoma DNA ya mifupa ya watu 41 wa kale wa Kenya na Tanzania. Lilikuta kwamba wafugaji wa kwanza wenyewe walikuwa mchanganyiko wa watu wa kaskazini-mashariki mwa Afrika na wawindaji waliowakuta, na kwamba zama za chuma zilileta mikondo mingine miwili, mmoja wenye uhusiano na Sudan na mwingine na Afrika Magharibi. Wote wameacha wajukuu.

Uturuki nayo ilipitia jambo kama hilo, la lugha na vinasaba kutofuatana. Baada ya ushindi wa Waseljuk, watawala wa Kituruki, huko Manzikert mwaka 1071, lugha ya Kituruki ilienea Anatolia. Lakini uchunguzi wa vinasaba unaonyesha kwamba sehemu kubwa ya asili ya watu wa Uturuki wa leo ni ya wakazi waliokuwepo hapo kabla, na sehemu ya Asia ya Kati ni ndogo. Watu walibadili lugha, wakabadili jina, wakabaki kwenye mashamba ya babu zao.

Hapa kwetu badiliko la namna hiyo limetokea karibu kiasi kwamba wapo wazee wanaolikumbuka. Abasuba wa Rusinga, Mfangano, Gwassi na Kaksingri husimulia kwamba mababu zao walivuka ziwa kwa mitumbwi kutoka upande wa Uganda, wakikimbia misukosuko ya Buganda. Henry Ayot aliandika historia yao kuanzia 1760 hadi 1940, na ndani yake Usuba unageuka hatua kwa hatua kuwa Uluo. Wanaume walioa wake wa Kiluo kwa ng'ombe, na watoto wakalelewa kwa Dholuo, lugha ya Waluo. Biashara ilifanywa kwa Dholuo. Wamisionari Wasabato walipojenga kituo cha Gendia mwaka 1906, Dholuo ikawa lugha ya kanisa na darasa. Tohara iliachwa. Hakuna jeshi lililohitajika. Tom Mboya, aliyezikwa Rusinga mwaka 1969 na ambaye Kenya nzima ilimjua kama kiongozi wa Waluo, alitoka katika ukoo wa Kisuba, na hakuna uongo katika sifa hizo mbili.

Olusuba, lugha ya Abasuba, imebaki na nguvu kidogo zaidi Mfangano, kisiwa ambacho miamba yake ya Kwitone na Mawanga ina michoro ya miviringo myekundu na myeupe. Michoro hiyo inahusishwa na Batwa, watu wa kuwinda na kuokota matunda waliokuwepo kabla ya wote niliowataja hapa isipokuwa wale wavuvi wa Kansyore, na huenda walikuwa jamaa zao. Wazee wa Kisuba waliendelea kuombea mvua mahali pale.

Nasaba alizohesabu Ogot, kama nasaba nyingi za kwetu, ni za wanaume: fulani mwana wa fulani hadi Ramogi, babu wa Waluo. Lakini kama Dholuo iliingia Rusinga kupitia kwa akina mama, na kama Waluo wamepata sehemu kubwa ya asili yao kwa majirani, basi historia iliyo nzito imepita upande ambao nasaba haziutaji. Walimu wa historia wa Nyatike, Suna na Mbita wanaweza kuanza kuikusanya muhula ujao bila maabara. Kila mwanafunzi aulize nyumbani ukoo wa bibi mzaa baba na wa bibi mzaa mama, walikotoka, na lugha waliyoisema walipokuwa wasichana, kisha aandike majibu kwa jina la mahali na mwaka wa kukadiria. Wengi wa bibi waliosikia Olusuba ikisemwa jikoni kila siku wana umri mkubwa sasa, kwa hiyo kazi hii ianzie kwao.