DAWA YA DENI NI KULIPA, SI KUFUNGWA

Hundi ni ahadi. Mtu atiapo sahihi yake juu ya hundi na kumkabidhi mwenzake, huwa amemwambia: nenda benki, fedha zako zipo. Ikiwa fedha hazipo na hundi ikarudishwa, aumiaye kwanza si benki, bali ni fundi aliyekwisha kumaliza kazi, au mwenye duka dogo aliyekwisha kutoa bidhaa zake. Leo twapenda kulitazama jambo hili kama lilivyo nchini India. Huko sheria imejitahidi sana kumlinda mdai, na hata hivyo taabu kubwa humngoja pale anapodhani kwamba taabu zimekwisha, yaani baada ya hukumu.

Tangu tarehe 1 Aprili 1989, kutoa hundi isiyo na fedha kwa ajili ya kulipa deni ni kosa la jinai nchini humo. Hundi ikirudi, mdai hupeleka barua ya madai katika muda wa siku 30. Mtoa hundi asipolipa katika siku 15 tangu kuipokea barua hiyo, aweza kushtakiwa. Adhabu yake ni kifungo kisichozidi miaka 2, au faini isiyozidi mara mbili ya fedha za hundi, au vyote viwili. Mwaka 2011 Mahakama ya Juu iliwaelekeza mahakimu watoze faini itakayotosha kumrudishia mdai fedha zake pamoja na riba ya asilimia 9 kwa mwaka.

Lakini kuamuru ni jambo moja, na kulipwa ni jambo jingine. Hakimu huamuru fidia, na kuongeza kwamba asiyelipa atafungwa. Basi wako waliopiga hesabu ya hila: heri miezi michache gerezani, kisha deni life. Mwaka 2017, katika shauri lililotoka jimbo la Kerala, Mahakama ya Juu iliivunja hesabu hiyo. Ilikata shauri kwamba aliyekwisha kutumikia kifungo cha kutolipa fidia angali anadaiwa, na fidia hiyo yaweza kutozwa juu ya mali yake.

Njia za kutoza ni mbili. Mahakama yaweza kutoa hati ya kukamata mali inayohamishika na kuiuza. Au yaweza kumwagiza mkuu wa mapato wa wilaya aitoze fidia kama anavyotoza kodi ya ardhi iliyolimbikizwa, na hapo nyumba na mashamba pia hayasaliki. Sheria mpya ya mwenendo wa mashauri ya jinai, iliyoanza tarehe 1 Julai 2024, imezihifadhi njia zote mbili.

Tena, kwa mabadiliko ya mwaka 2018, mshtakiwa akikana kosa, hakimu aweza kumwamuru alipe fidia ya muda isiyozidi asilimia 20 ya hundi wakati shauri likiendelea. Aliyehukumiwa akikata rufani, aweza kutakiwa kuweka mahakamani asilimia 20 au zaidi ya faini au fidia.

Sisi twasema kwamba hatua hizi ni za haki, lakini hazijitembezi zenyewe. Mdai hana budi kurudi mahakamani kuiomba hati, na kueleza mali ya mdaiwa iko wapi. Tajiri ana wakili wa kumfanyia kazi hiyo. Fundi hana, na kila siku ashindayo barazani ni siku ya kazi iliyopotea. Kwa hiyo yafaa mahakama yenyewe iulize habari za mali siku ile ile ya hukumu, kabla haijahamishwa kwa ndugu na marafiki.

Mdaiwa aliyefilisika kweli apewe nafasi ya kulipa kwa mafungu, kwani gereza halizai fedha. Lakini mwenye mali asiachiwe kulifanya gereza kuwa duka la kununulia deni kwa bei nafuu. Hukumu isiyomfikishia mnyonge jasho lake bado haijakamilika.