Huaca na Pachamama: Maana ya Jiwe na Nchi kwa Wenyeji wa Andes

Mara nyingi twasoma katika vitabu vya safari ya kwamba watu wa mahali fulani huabudu mawe. Maneno hayo ni mafupi, nayo humtosha msomaji apitaye njia. Lakini mwalimu akaaye kati ya watu hayamtoshi, maana hayamwambii jiwe lile ni nini kwa yule aliyesimama mbele yake. Tumechagua kueleza habari za wenyeji wa milima ya Andes, katika Peru na Bolivia, kwa sababu mbili. Kwanza, desturi zao juu ya jiwe na nchi ziliandikwa mapema na kwa urefu. Pili, kosa kubwa lililotendeka huko lilianza katika neno moja, na kosa la namna hiyo laweza kutokea popote ambapo mtu hufasiri neno kabla ya kulijua.

Neno lenyewe ni huaca, la lugha ya Kikechua, iliyokuwa lugha ya dola ya Wainka na ambayo hata leo husemwa na watu milioni kadhaa. Wahispania, walioanza kuiteka nchi mwaka 1532, walizoea kulifasiri kwa maana ya sanamu ya kuabudiwa. Garcilaso de la Vega, aliyezaliwa Cusco mwaka 1539, baba yake Mhispania na mama yake wa ukoo wa wafalme wa Wainka, aliikataa tafsiri hiyo katika kitabu chake kilichopigwa chapa Lisbon mwaka 1609. Alieleza ya kuwa huaca ni sanamu, lakini pia ni hekalu, ni kaburi, ni sadaka. Ni mlima mrefu, ni chemchemi kubwa, ni kijiwe cha mtoni chenye rangi ya ajabu, ni yai lenye viini viwili, ni mama aliyezaa watoto wawili kwa mara moja. Kila kitu kilichowapita wenziwe wa jinsi moja, kwa uzuri au kwa kutisha, kiliitwa huaca. Tena alionya juu ya matamshi: liko neno jingine lililo karibu sana nalo, maana yake kulia machozi, na tofauti yao ni mahali itokapo sauti ya silabi ya mwisho, kaakaani au ndani kooni. Wageni hawakuisikia tofauti hiyo.

Basi na tujaribu kulitia neno hili katika Kiswahili. Sanamu halifai, kwa kuwa sanamu huchongwa kwa mikono ya mtu, na huaca nyingi hazikuguswa na patasi. Padre Bernabé Cobo, katika kitabu alichomaliza mwaka 1653, ametuachia orodha ya huaca zaidi ya 300 za mji wa Cusco na kandokando yake, zilizopangwa kwa mistari itokayo katikati ya mji kama miale ya jua. Karibu theluthi moja ni mawe, na karibu theluthi nyingine ni chemchemi na maji. Mzimu lakaribia zaidi, kwa maana watu wa pwani hulitumia hata kwa pango au mbuyu wapelekapo sadaka. Lakini asemaye mzimu hufikiri roho ikaayo mahali pale, na jiwe kuwa nyumba yake tu. Kwa watu wa Andes jiwe lenyewe ndilo lililokuwa na uhai.

Uhai huo waliueleza kwa kitenzi kamay, yaani kukitia kitu nguvu ya kuwa vile kilivyo, na kukitegemeza kisipungukiwe. Katika nyumba waliweka vijiwe viitwavyo conopa, vingine mfano wa gunzi la mhindi, vingine mfano wa lama, mnyama wao wa mizigo. Baba alimrithisha mwana, ili shamba na kundi vizidi. Mashambani walisimamisha mawe marefu kuwa walinzi. Wainka nao walisimulia ya kuwa katika vita na Wachanka mawe ya uwanjani yaligeuka askari wakawasaidia, kisha yakarudi kuwa mawe. Nayo yakaheshimiwa tangu hapo. Katika hadithi zao nyingi mashujaa huishia kuwa mawe. Wala hiyo si adhabu siku zote: aliyegeuka jiwe amepata hali ya kudumu, asiondoke tena kwa watu wake.

Nchi waliiita Pachamama. Mama kwao ni kama kwetu. Lakini pacha lisidhaniwe kuwa ni pacha letu. Neno hilo la Kikechua lina maana ya nchi, na ulimwengu, na hata wakati: kay pacha ni dunia hii, ñawpa pacha ni zamani za kale. Mama huyu hulisha, naye hulishwa. Anywaye pombe humwaga kwanza kidogo chini. Mwezi wa Agosti, kabla ya kupanda, husemwa nchi imefunua kinywa na ina njaa. Basi watu huizikia majani ya koka, mafuta ya lama na vyakula vingine. Huchagua majani matatu mazima, wakayapulizia pumzi huku wakiitaja milima kwa majina. Mambo hayo yafuata sheria ile ile ya jirani na jirani, iitwayo ayni: leo nakulimia, kesho wanilimia. Ni nipe nikupe, na nchi imo katika hesabu.

Sasa twaona kilichopotea. Padre Francisco de Ávila, wa wilaya ya Huarochirí, alikusanya sanamu na maiti za wazee zilizohifadhiwa, akazichoma hadharani mjini Lima tarehe 20 Desemba 1609. Lakini huaca iliyo mlima haichomeki, wala chemchemi haibebeki. Sanamu ziliteketea, na desturi ikaendelea mbali na macho ya mapadre. Hati ya Kikechua iliyoandikwa yapata mwaka 1608, yenye habari za huaca za wilaya hiyo, ilibaki katika karatasi za Ávila mwenyewe. Leo imo Madrid, nayo ni shahidi mkuu wa yale aliyotaka kuyafuta. Na Pachamama hakusahauliwa: katiba ya Ecuador ya mwaka 2008 yamtaja kwa jina, na Bolivia ilitunga sheria ya haki za Mama Nchi mwaka 2010.

Kwa hiyo, mwalimu akutanapo na neno la namna hii, kabla ya kuliandika katika kamusi au kulitaja katika mafundisho, yampasa kuwauliza wazee mambo matatu. Ni vitu gani vingine viitwavyo kwa jina hilo? Ni kitenzi gani kifuatanacho nalo: huombwa, hulishwa, huamkiwa, au huogopwa? Na kitu hicho kikiachwa bila kutunzwa, nani atapata hasara, mtu mmoja au mji wote? Akiisha kupata majibu, ataweza kukubali au kukataa akijua anachokikataa.