Gemu za Karata Kwenye PS: Lipa Mara Moja, Cheza Mwaka Mzima

Ukipita vibanda vya gemu Malindi au Kilifi mjini jioni, kila skrini ni mpira. Sawa, mpira ni mtamu. Lakini kuna aina nyingine inayostahili nafasi kwenye PS, Xbox au Switch yako: gemu za karata ambazo unajenga fungu lako mwenyewe huku ukicheza. Kuzicheza si kazi. Kuzilipia ukiwa Kenya ndiko kunakosumbua, na hapo ndipo watu huungua hela zao. Leo tunaeleza yote mawili.

Zinachezwa vipi?

Kwenye karata za barazani, wote mnagawana fungu moja la karata 52. Kwenye gemu hizi fungu ni lako peke yako, na linabadilika kila unaposhinda. Mtindo huu ulipata jina kupitia mchezo wa mezani uitwao Dominion, uliobuniwa na Donald X. Vaccarino na kutoka mwaka 2008. Kwenye skrini, gemu iliyovuma ni Slay the Spire. Ilitoka rasmi kwenye kompyuta Januari 2019, na kabla Agosti kuisha ilikuwa tayari kwenye PS4, Switch na Xbox One.

Shujaa wake wa kwanza anaanza na karata 10 tu: 5 za kupiga, 4 za kujikinga na 1 ya pigo zito. Kila zamu unapewa karata 5 mkononi na nguvu 3 za kuzitumia. Ukimshinda adui, unaonyeshwa karata 3 mpya, uchague 1 au uziache zote. Wageni wengi huchukua kila wanachopewa. Wazoefu huacha. Fungu likijaa karata za kawaida, ile karata yako kali inachelewa kuja mkononi, na adui hakungojei.

Balatro kwa hesabu ya mkono mmoja

Balatro ilitoka tarehe 20 Februari 2024 kwenye konsoli zote kubwa na kompyuta. Iliundwa na mtu mmoja wa Kanada anayejulikana kwa jina la LocalThunk tu.

Angalizo kabla ya kuanza: kwa Wakenya wengi "poker" ni ule mchezo wa kutupa karata hadi useme "niko kadi". Poker ya Balatro ni nyingine. Hapa unatafuta mpangilio, kama pea (karata mbili za namba moja) au karata tano za aina moja, ziwe kopa, uru, shupaza au pao. Majina hayo manne, kwa njia, tuliyapata kutoka kwa Wareno, walewale walioacha nguzo yao hapa Malindi.

Unashika karata 8 na unaruhusiwa kucheza hadi 5 kwa mkupuo. Raundi ya kwanza inataka pointi 300. Ukicheza pea ya King: pea ina thamani ya 10, kila King ni 10, jumla 30, unazidisha kwa 2. Umepata 60. Bado sana.

Sasa cheza kopa tano: King, 10, 9, 7 na 4. Karata zenyewe ni 40, mpangilio unaongeza 35, jumla 75, unazidisha kwa 4. Umepata 300 kamili, umepita kwa mkono mmoja!

Halafu unaingia dukani ndani ya gemu na kununua Jokeri wa kawaida anayeongeza 4 kwenye kizidisho. Kopa zilezile sasa ni 75 mara 8, yaani 600. Ndiyo raha yake: karata hazikubadilika, ulichojenga pembeni yake ndicho kilichobadilika.

Je, hii ni kamari?

Mzazi atauliza, na ana haki. Balatro inatumia picha na majina ya poker, lakini huweki pesa halisi na hushindi pesa halisi. Zile hela za dukani ni pointi za ndani tu. Hata wakaguzi wa umri wa Ulaya, PEGI, walikuwa wameipa alama ya 18, kisha Februari 2025 wakaishusha hadi 12. Kama nyumbani kwenu karata haziingii kabisa, hiyo ni desturi ya nyumba na tunaiheshimu. Slay the Spire haina poker ndani yake, ni mapambano na mazimwi.

Kwa upande wa mfuko, tofauti kubwa ni hii. Slay the Spire na Balatro unanunua mara moja, basi. Kuna gemu nyingine zinazokuuzia pakiti za wachezaji au karata za kubahatisha ndani yake, mwezi baada ya mwezi. Kwa hizo, usiache kadi yako ya malipo imehifadhiwa kwenye PS ya watoto.

Kwa nini malipo yanakataa?

Kenya haimo kwenye orodha ya nchi za PlayStation Store. Afrika Kusini imo. Ndiyo maana PS nyingi hapa zinatumia akaunti za Marekani au Uingereza. Ukiweka kadi pepe ya Kenya kwenye akaunti hiyo, mara nyingi itakataliwa hata kama ina salio, kwa sababu nchi ya kadi na nchi ya akaunti hazilingani. Kujaribu mara kumi hakusaidii. Una njia tatu.

*1. Diski.* Kama konsoli yako ina sehemu ya diski, hii ndiyo njia safi. Diski za PS4 na PS5 hazifungwi na nchi, na kadi ndogo za Switch vilevile. Balatro ina toleo la dukani la PS5 na Switch. Uliza maduka ya gemu Mombasa au Nairobi, wakutumie kwa basi, ulipe kwa simu mzigo ukifika mkononi. Na ukiichoka, unaiuza. Kumbuka PS5 ya dijitali na Xbox Series S hazina sehemu ya diski.

*2. Vocha ya duka.* Sony inataka taarifa za kweli kwenye akaunti, kwa hivyo hatutakwambia uandike anwani ya uongo. Lakini kama tayari unayo akaunti ya nje, labda ulifungua ulipokuwa ukiishi huko, vocha lazima iwe ya nchi ileile. Vocha ya dola haiingii kwenye akaunti ya Uingereza, na nchi ya akaunti ya PlayStation haibadilishwi.

Piga hesabu pia. Balatro ni dola 14.99 kwenye duka la Marekani. Kwa dola moja shilingi 130, hiyo ni kama shilingi 1,950. Ukitumia vocha za dola 10, utahitaji mbili: shilingi 2,600 kabla ya faida ya muuzaji. Baadhi ya majimbo ya Marekani yanaongeza kodi pia. Slay the Spire ni dola 24.99, karibu shilingi 3,250. Chenji inayobaki haitoki kurudi kwenye simu yako, itakaa humo hadi ununue gemu nyingine. Usinunue vocha ya dola 50 eti kwa sababu ni ofa.

*3. Anza na simu.* Slay the Spire ipo kwenye Android tangu Februari 2021 na Balatro tangu tarehe 26 Septemba 2024, kwa dola 9.99, yaani kama shilingi 1,300. Google Play inaitambua Kenya na inapokea M-Pesa. Hapa kuna faida ambayo wengi hawaijui: ukinunua Google Play na usiipende, unaweza kuomba kurudishiwa pesa ndani ya saa 48. PlayStation, ukishaanza kupakua, nafasi hiyo imepotea. Kwa hivyo onja kwenye simu kwanza, ya konsoli itafuata.

Kabla hujatuma hata shilingi

- Fungua mipangilio ya akaunti uone nchi yake. Usikisie.
- Nunua kwa muuzaji mwenye duka au namba ya biashara. Jina linalotokea kabla ya kuthibitisha malipo lifanane na la duka.
- Ukiombwa "utume kwa hii namba nyingine, ile ina shida", acha.
- Usimtumie mtu picha ya namba za vocha yako "akusaidie kuingiza". Zikishatumika, hata sisi hatuwezi kuzirudisha.
- PIN yako haihitajiki na muuzaji yeyote. Hata mmoja.

Bando na stima

Gemu za mpira za karibuni zinapita GB 30. Balatro haifiki hata GB 1, na ikishaingia inachezwa bila intaneti. Stima ikipotea katikati ya Slay the Spire, ukiwasha tena unarudi mwanzo wa pambano ulilokuwa nalo, si mwanzo wa safari nzima.

Mwenye kibanda, nawe usikae nyuma. Hizi hazifai kutozwa kwa mechi, maana safari moja huweza kuchukua saa nzima. Weka bei ya muda, kwa mfano ya nusu saa, uibandike ukutani pamoja na namba yako ya malipo. Mteja akijua bei kabla hajashika pedi, hamtagombana wakati wa kulipa.

Una akaunti ya nchi gani? Iangalie leo kabla hujanunua chochote, kisha ndiyo uchague njia yako kati ya hizo tatu.