Kinanda Kisicho na Mabomba

Tunaposikia kinanda kanisani kikiwaitikia waimbaji, ni wachache kati yetu wanaojiuliza sauti ile hutoka wapi. Katika vinanda vikubwa vya zamani hutoka katika mabomba: upepo hupulizwa ndani yake kama pumzi katika filimbi. Kinanda cha namna hiyo ni kizuri mno, lakini bei yake ni kubwa, na kukijenga ni kazi ya siku nyingi. Parokia isiyo na mali ifanye nini? Leo tusimulie habari za kinanda kimoja kilichojibu shida hiyo, yaani kinanda cha Hammond.

Laurens Hammond alizaliwa mwaka 1895 huko Evanston, karibu na Chicago, katika nchi ya Marekani. Hakuwa mpiga kinanda. Alikuwa fundi wa saa za umeme. Alitengeneza mota ndogo izungukayo kwa mwendo usiobadilika, na mota ile iliyolinda majira ya saa akaitumia kulinda sauti. Mwaka 1934 alipewa hati ya serikali ya uvumbuzi wake, na mwaka 1935 vinanda vya kwanza vikaonyeshwa kwa watu.

Tukifungua sanduku lake la mbao hatuoni bomba hata moja. Twaona magurudumu madogo ya chuma 91, yakizungushwa yote na mota ile moja. Ukingo wa kila gurudumu una meno, na karibu nao imewekwa sumaku iliyozungushiwa waya. Kila jino lipitapo mbele ya sumaku, umeme mdogo hutikisika katika waya. Meno machache huleta sauti nene, meno mengi sauti nyembamba. Kisha umeme huo hukuzwa, na kipaza sauti huufanya usikike. Kwa kuwa mota haibadili mwendo, kinanda hakipotezi sauti zake kwa joto wala kwa baridi, kama yapatavyo mabomba.

Juu ya vibonye viko vijiti vya kuvuta, tisa tisa. Kila kijiti huongeza sauti yake kwa vipimo 8, na mpigaji huchanganya kama mpishi atiaye chumvi na viungo chunguni. Akivuta hiki na kurudisha kile, sauti ya filimbi yageuka kuwa ya tarumbeta.

Lakini sifa zilizidi kipimo. Wauzaji walipotangaza kwamba chombo hiki chalingana na kinanda cha mabomba, tume ya serikali inayosimamia biashara iliwashtaki. Mwaka 1937, katika kanisa la Chuo Kikuu cha Chicago, wasikilizaji walipigiwa vinanda vyote viwili bila kujua kipi kinalia. Wataalamu walikosea karibu mara moja katika tatu, na wanafunzi karibu nusu! Hata hivyo, mwaka 1938 tume iliamuru maneno yale ya kupita kiasi yakome. Kweli ni kweli: kinanda cha umeme si cha mabomba.

Kumbe uzuri wake ulikuwa mahali pengine. Kila kibonye kilipobonyezwa, kilitoa mlio mdogo wa kugonga. Mafundi waliuona kuwa kasoro, wakajitahidi kuupunguza; wapigaji wa jazi wakaupenda, kwa maana ulifanya kila sauti ianze kwa nguvu kama ngoma. Naye Donald Leslie wa California alitengeneza kabati lenye vipaza sauti vyenye kuzunguka, ili sauti ivume na kutetemeka. Hammond alilikataa, wapigaji wakalinunua. Makanisa ya Wamarekani weusi yakafanya kinanda hiki kuwa mwenzi wa mhubiri na waimbaji, na tangu mwaka 1956 sahani za Jimmy Smith zikakitangaza mbali.

Katika Kanisa letu, maagizo ya Roma ya mwaka 1958 juu ya muziki mtakatifu yalisema kwamba kinanda cha umeme chaweza kuvumiliwa kwa muda, pasipo na fedha za kununua cha mabomba, tena kwa ruhusa ya Askofu. Heshima ya kwanza ilibaki kwa mabomba, na maskini hakuachwa bila wimbo.

Vinanda vya magurudumu viliacha kutengenezwa katikati ya miaka ya 1970. Vyombo vya siku hizi, vyepesi kubebwa na mtu mmoja, hujitahidi kuiga sauti ya Hammond, hata ule mlio wa kugonga! Kilichoanza kwa kuiga, sasa chaigwa.

Basi, ninyi wanafunzi, yatafakarini hayo. Kinanda hiki kilipojisifu kwa sauti ya mwingine, kilipelekwa barazani. Kilipolia kwa sauti yake mwenyewe, kasoro zake na zote, watu walikipenda.