Je, Wajua? Mango wa Wabukusu na Joka la Delphi

Je, wajua kwamba Wabukusu wa Bungoma na Wagiriki wa kale wote walikuwa na sherehe iliyozaliwa na kifo cha nyoka?

Kisa cha Mango husimuliwa hivi. Joka liitwalo Yabebe lilikaa pangoni, likimeza watu na mifugo. Majirani Wabarwa, watu wa jamii ya Kikalenjin, walikuwa tayari wakitahiri, na Mango alipotaka naye aingie jandoni walimwambia aliue joka hilo kwanza. Akalivizia papo hapo pangoni, akalikata kichwa. Wazee huongeza kwamba kichwa kilichokatika kiliruka kikauma mti, na mti ukanyauka. Mango akatahiriwa, na desturi ikaingia kwa Wabukusu. Hadi leo, Agosti ya kila mwaka wa shufwa, mvulana hupelekwa mtoni alfajiri, akapakwa matope mwili mzima na kusimikwa unyasi utosini, kisha akarudishwa nyumbani kwa sioyaye, wimbo unaoenzi ushujaa wa Mango.

Huko Delphi, kwenye mteremko wa mlima Parnassos, mungu Apollo alimuua kwa mishale joka aitwaye Python. Plutarch, ambaye mwenyewe alikuwa kuhani wa Delphi, ameeleza sherehe ya kukumbuka kisa hicho, iliyofanyika kila baada ya miaka 8: kijana ambaye baba na mama wako hai aliongozwa hadi kwenye kibanda, kibanda kikatiwa moto, naye akatimua mbio, na mwisho wake akatakaswa katika bonde la Tempe. Palikuwa pia na muziki wake. Mwaka 586 K.K., Sakadas wa Argos alishinda mashindano ya Delphi kwa zumari, na kipande maarufu cha mashindano hayo kilisimulia pambano la mungu na joka hatua kwa hatua.

Si lazima kisa kimoja kiwe kimezaa kingine. Mimi huvutiwa zaidi na pale vinapoachana. Apollo ni mungu, na hakuna kijana wa Delphi aliyetarajiwa kuwa Apollo. Mango ni mtu, na kila mvulana anayesimama uani akitahiriwa bila kupepesa jicho anashika nafasi yake. Tena ibada za Delphi zilikwisha mwishoni mwa karne ya 4, Warumi walipopiga marufuku dini za kale, na wachimbaji wa Kifaransa walioanza kazi mwaka 1892 ilibidi kwanza wahamishe kijiji kizima cha Kastri kilichokuwa kimejengwa juu ya hekalu. Ya Mango unayapata kwa kumuuliza mzee yeyote wa Chwele, huko Bungoma.

Je, wajua kwamba kinubi (lyra) unachokiona kwenye vyungu vya Kigiriki bado kinapigwa Bungoma? Wagiriki walisema Hermes alikitengeneza angali mtoto mchanga, kwa gamba la kobe na nyuzi 7 za utumbo wa kondoo. Litungu la Wabukusu lina mwili wa mti uliowambwa ngozi, mikono miwili inayopanuka kwenda juu, na mti wa kukingama ambapo nyuzi 7 au 8 huzungushwa ili kukazwa. Muundo ni uleule, sawa na nyatiti ya Wajaluo na krar ya Ethiopia, na ni wa kale kuliko Wagiriki wenyewe: huko Ur, Iraki, vimefukuliwa vinubi vya miaka kama 4,500. Kinachoitwa lyra kisiwani Krete siku hizi ni chombo kingine kabisa, hupigwa kwa upinde.

Tukipanda kutoka Kitale kuelekea Endebess, tunafika kwenye mapango ya Mlima Elgon. Mpelelezi Mskoti Joseph Thomson alipoyaona mwaka 1883 aliamini yamechongwa na watu wa kale, akawawaza hata Wamisri. Wagiriki nao, walipoona mawe makubwa ya kuta za mji wa kale wa Mycenae, walisema yalipangwa na majitu ya jicho moja. Pango la Kitum, lenye kina cha mita 200 hivi, lina wachimbaji wa namna yake: tembo. Huingia usiku wakipapasa njia kwa mkonga, wakachokoa ukuta kwa pembe na kutafuna mawe yenye chumvi. Mwaka 1914 mtaalamu wa Austria, Othenio Abel, alipendekeza kwamba majitu yenyewe ya jicho moja yalitokana na mafuvu ya tembo wadogo wa kale yaliyoonekana mapangoni Sicily, kwa kuwa tundu la mkonga liko katikati ya uso kama jicho.

Na huko Kakapel, kwenye milima ya Chelelemuk katika kaunti jirani ya Busia, chini ya mwamba uliochorwa ng'ombe wa pembe ndefu wasio na nundu, watafiti wakiwemo wa Makumbusho ya Kitaifa ya Kenya wamefukua punje ya kunde ya miaka 2,300. Matokeo yalichapishwa mwaka 2024. Kunde hiyo ilivunwa karibu na zama za Aleksanda Mkuu, na ndiyo mbegu ya kale zaidi ya zao la kulimwa iliyopimwa umri wake moja kwa moja katika Afrika Mashariki.