Kusema na Jirani Aliyeshindwa na Pombe

Karibu kila skimu ina shamba moja ambalo watu wakilipita hutikisa kichwa. Ua limeanguka, magugu yamepita mahindi kwa urefu, na ng'ombe wa gredi aliyekuwa akitoa nusu debe kila asubuhi sasa ni ngozi na mifupa. Mwenye shamba si mvivu, wala si mjinga. Pengine ndiye aliyewaonyesha majirani zake namna ya kupanda nyasi za Napier. Lakini fedha za maziwa zikilipwa mwisho wa mwezi hazifiki nyumbani, huishia kilabuni. Karo ya shule haijalipwa, deni la chama cha ushirika linaongezeka, na sasa yasemekana anatafuta mtu wa kumkodisha eka mbili.

Majirani wamefanya nini? Wamemwita mbele ya halmashauri. Wamemsuta. Wamemkumbusha watoto wake. Naye kila mara huinamisha kichwa na kujibu, "Ndiyo, wazee, nimesikia." Jioni ile ile huonekana kilabuni tena.

Basi tujiulize: je, maneno yetu yamekosa ukweli? Hapana, ni kweli tupu. Kilichokosekana ni namna ya kuyasema. Katika ukurasa huu tutaeleza namna nyingine ya kuzungumza na mtu kama huyo. Namna hiyo hutumiwa na washauri na wauguzi katika nchi nyingi, na mkulima yeyote mwenye subira aweza kujifunza mwanzo wake.

AMRI HAIBADILI MOYO

Sisi wakulima tulipata kuliona jambo hili zamani. Katika mwezi wa Julai 1947 watu wa Murang'a, ambayo siku zile iliitwa Fort Hall, walikataa kazi ya kulazimishwa ya kuchimba matuta. Walikata shauri kwamba wanawake wasiende tena kazini humo. Je, matuta yalikuwa mabaya? Sivyo. Matuta huzuia udongo usichukuliwe na mvua, na leo wakulima wengi wa milimani huyachimba kwa hiari yao, bila ya kusukumwa na mtu. Jembe ni lile lile na mlima ni ule ule. Tofauti ni kwamba mtu amejionea faida mwenyewe, akaamua mwenyewe.

Katika mwaka wa 1982, Bwana William Miller, mtaalamu wa mambo ya akili kutoka Marekani, alikuwa mgeni katika nchi ya Norwei. Huko alizungumza na washauri waliokuwa wakiwasaidia walevi. Walimwuliza maswali mengi: kwa nini alisema hivi na si vile? Katika kuwajibu alianza kupanga mawazo yake, na mwaka wa 1983 aliyaandika. Baadaye alishirikiana na Bwana Stephen Rollnick, mzaliwa wa Afrika ya Kusini, na kitabu chao cha kwanza juu ya jambo hili kilitoka mwaka wa 1991. Sisi hapa tutaiita njia yao "mazungumzo ya kuamsha nia".

Mwaka wa 1993 Bwana Miller na wenzake walitoa habari za uchunguzi wao. Waliona kwamba kadiri mshauri alivyozidi kumbishia mnywaji, ndivyo mnywaji yule alivyozidi kunywa, hata mwaka mmoja baadaye. Hili ni jambo la kufikiriwa sana na kila mtu anayependa kusuta.

MIZANI YA MOYO

Kwa nini iwe hivyo? Fikiri juu ya mizani ya dukani yenye sahani mbili. Ndani ya moyo wa mtu anayekunywa kupita kiasi mna sahani mbili namna hiyo. Sahani moja yasema, "Niache, nitapoteza shamba." Nyingine yasema, "Nikiacha, nitakaa na nani? Nitasahau taabu zangu kwa njia gani?" Sauti zote mbili ni zake mwenyewe.

Wewe ukija na kuigandamiza sahani ya kuacha, yeye bila kukusudia ataigandamiza ile nyingine ili mizani isimwangukie. Ukisema, "Wanakunywa pesa zote," atasema, "Si zote." Ukisema, "Watoto wana njaa," atasema, "Jana walikula." Kila anapojitetea hujisikia mwenyewe akisema, na mtu huamini sana maneno ya kinywa chake. Hivyo umemsaidia kupata sababu za kuendelea! Wahenga walisema kweli: mkamia maji hayanywi.

Kazi yako, basi, ni kuuliza na kusikiliza hata sababu za kubadilika zitoke katika kinywa chake mwenyewe.

MAMBO YA KUFANYA

Kwanza, chagua saa. Usiseme na mtu aliyelewa, wala mbele ya watu, wala mbele ya watoto wake. Mwendee asubuhi, mkiwa wawili. Omba ruhusa. Akisema "si leo", nenda zako kwa amani urudi siku nyingine.

Pili, uliza maswali ambayo hayajibiwi kwa "ndiyo" au "la". Usiulize, "Je, hujui pombe ni mbaya?" Uliza, "Mambo ya shamba yanakwendaje tangu mwaka jana?"

Tatu, mrudishie maneno yake kwa ufupi, ili ajue umemsikia. Hii ndiyo kazi ngumu kupita zote, kwa sababu ulimi huwashwa kutoa shauri.

Nne, taja jema ambalo ni la kweli. Kama hakuacha kuwapeleka ng'ombe joshoni, sema hivyo. Sifa ya uongo itajulikana mara moja.

Tano, kusanya aliyoyasema na kumrudishia yote pamoja, halafu uulize kama umekosea.

MFANO

Tuseme mwenye shamba ni mtu wa miaka 45, aliyerithi eka 6 kwa baba yake. Mzee jirani, aliyekuwa rafiki wa baba huyo, amekuja kumwona.

Mzee: Nimekuja tuketi kidogo, mwanangu. Je, wakubali tuzungumze habari za shamba na za pombe, au tuache mpaka siku nyingine?

Mwenye shamba: Sema tu, mzee. Najua wamekutuma.

Mzee: Waona kwamba kila anayekuja hapa anakuja kukusuta.

Mwenye shamba: Kila mtu! Halmashauri, shemeji zangu, hata kijana wa dukani. Kwani wao hawanywi?

Mzee: Umechoka kusemwa. Mimi sikutumwa na mtu. Hebu nieleze, ukinywa wapata nini?

Mwenye shamba: Nasahau, mzee. Tangu ng'ombe wangu wawili wafe kwa ndigana, deni halinipi usingizi.

Mzee: Usiku wapumzika. Na asubuhi?

Mwenye shamba: Asubuhi deni liko pale pale, na kichwa chaniuma. Juzi gari la maziwa lilikaribia kupita kabla sijaamka. Binti yangu ndiye aliyekamua, akachelewa shule. Jambo hilo liliniuma.

Mzee: Lilikuuma kwa nini?

Mwenye shamba: Baba hakunilea hivyo. Saa kumi na moja alikuwa bandani kila siku. Nami nataka msichana huyu amalize shule.

Mzee: Basi nimesikia hivi. Pombe yakusahaulisha deni usiku, lakini asubuhi deni lipo. Ng'ombe waliobaki hukuwaacha; maziwa yangali yanatoka hapa. Wataka binti yako asome, na wataka kulitunza shamba kama baba yako alivyolitunza. Je, nimekosea?

Mwenye shamba: Hukukosea, mzee.

Msomaji, tazama vizuri. Mzee hakusema hata mara moja, "Acha pombe." Habari za binti, za baba na za maziwa zilitoka kwa mwenyewe. Wala mzee hakuficha kwamba pombe humpa mtu huyo nafuu ya usiku. Alipokubali neno hilo, mwenzake hakuwa na haja ya kulipigania.

MBEGU KUMI ZA MAHINDI

Washauri hutumia namba kutoka 0 mpaka 10 ili kupima nia ya mtu. Sisi shambani twaweza kutumia mbegu 10 za mahindi. Ziweke mbele yake na kumwambia, "Kama hutaki kabisa kupunguza pombe, usichukue hata moja. Kama umekwisha kata shauri, chukua zote."

Tuseme amechukua 4. Watu wengi hapo wangeuliza, "Mbona 4 tu?" Hilo ni kosa, kwa kuwa atakupa sababu za kutoacha. Uliza hivi: "Kwa nini umechukua 4, wala hukuacha zote?" Sasa atakupa sababu za kuacha, na kila sababu ni mbegu iliyokwisha kuota. Kisha uliza, "Ni jambo gani lingekufanya uongeze moja au mbili?" Jibu lake litakuonyesha mahali pa kuanzia.

KUTOA SHAURI

Je, usimpe shauri lolote? Waweza, lakini kwa mpango. Uliza kwanza anajua nini. Kisha omba ruhusa: "Nikueleze walivyofanya wengine?" Mweleze kwa ufupi mambo mawili au matatu: wako waliouomba ushirika ukate karo katika malipo ya maziwa kabla hawajayapokea, wako waliokubaliana na wake zao kwamba mke ndiye apokee fedha, wako waliokwenda hospitali kumwona daktari. Halafu mrudishie uamuzi: "Wewe waonaje?"

Akichagua jambo moja dogo, likubali hata kama wewe ungependa lililo kubwa zaidi. Mwulize ataanza siku gani, nani atamsaidia, na atafanya nini rafiki zake wa kilabuni wakimwita. Wiki ijayo pita tena. Kama amerudi kwenye pombe, usimtupe. Kujikwaa si kuanguka, bali ni kwenda mbele.

MAONYO MANNE

La kwanza ni la uhai. Mtu ambaye amekuwa akinywa sana kila siku asiache ghafula bila msaada wa daktari. Katika siku chache za kwanza aweza kutetemeka, kutoka jasho, kuona vitu visivyokuwapo, na hata kupata kifafa na kufa. Akionyesha dalili hizo, apelekwe hospitali bila kukawia. Kwa shauri, mtu aweza kupiga simu ya bure nambari 1192 ya NACADA, mamlaka ya serikali inayoshughulikia ulevi.

La pili, pombe haramu yaweza kuwa na methanoli, ambayo ni sumu. Katika mwezi wa Februari 2024 watu walikufa katika kaunti ya Kirinyaga kwa kunywa pombe ya sumu. Dalili zaweza kuchelewa kwa saa nyingi: kichwa kuuma, kutapika, tumbo kuuma, macho kuona ukungu. Usiseme, "Amelewa tu, mwacheni alale." Mkimbizeni hospitali, kila saa ina thamani.

La tatu, kama mtu huyo anampiga mkewe au watoto, mazungumzo haya siyo dawa ya kwanza. Wahasiriwa wapate kwanza mahali pa salama, na habari ifike kwa chifu au polisi.

La nne, jichunguze nia yako. Kama unaitamani eka yake, au wataka kulipwa deni lako tu, mwache mwingine aende. Njia hii ni kwa faida ya yule anayesaidiwa. Mtu akijua umekuja kwa hila, hatakufungulia moyo tena, na jirani mwingine mwema atakuta mlango umefungwa.

MWISHO

Njia hii haifanyi miujiza. Wako watakaosikilizwa vizuri na bado wasiache. Lakini imetumika katika nchi nyingi, si kwa pombe peke yake, bali pia kwa kuwasaidia watu waache tumbaku na wagonjwa wameze dawa zao. Tena haina gharama ila saa moja na sikio lililo wazi.

Skimu nyingi za kwanza zilitokana na mpango wa eka milioni moja, ulioanza mwaka wa 1962. Waliopata mashamba siku zile walilipa mkopo kwa miaka mingi. Sasa mashamba hayo yako mikononi mwa watoto na wajukuu, nayo yaweza kupotea eka moja moja, kwa kukodishwa leo na kuuzwa kesho.

Basi, mwanachama wa ushirika, kabla halmashauri haijamwita tena mtu yule kumsuta, mwendee wewe mmoja, asubuhi, baada ya kukamua. Mwombe ruhusa, umwulize swali moja, kisha unyamaze umsikilize.